Wimbo ni wa nani? Kuwaelewa watunzi wa klasiki wa Marekani kupitia kazi zao

Kila “Baba Yetu” inapozunguka tena kwenye simu za watu, mabishano huwa yale yale. Mmoja atasema ni wimbo wa asili wa Waswahili. Mwingine ataapa kwamba ni wa kwaya ya kanisa huko Kenya. Wa tatu atasema ni wa Afrika Kusini, maana waimbaji aliowasikia ni wa Soweto. Mtunzi mwenyewe hatajwi. Muziki wa wimbo ule ulitungwa na Mmarekani, Christopher Tin, kwa ajili ya mchezo wa kompyuta wa Civilization IV uliotoka mwaka 2005. Maneno ni Sala ya Bwana kama Wakristo wanavyoisali kwa Kiswahili, na aliyeyapanga yakae kwenye muziki ni Chris Kiagiri. Wa kwanza kuurekodi ni Talisman, kundi la waimbaji wa Chuo Kikuu cha Stanford. Soweto Gospel Choir walikuja baadaye, kwenye albamu ya Tin ya mwaka 2009. Mwaka 2011 kazi hiyo ikapata tuzo ya Grammy, ya kwanza kwa muziki uliotungwa kwa ajili ya mchezo wa kompyuta.

Mkanganyiko wa namna hii umeuandama muziki wa klasiki wa Marekani kwa zaidi ya miaka 100. Watu huuliza “wimbo ni wa nani?” wakitaraji jina moja, kumbe ndani ya swali hilo mmejificha maswali manne. Ukiyatenganisha, utawaelewa watunzi wa nchi ile vizuri zaidi kuliko kwa kukariri tarehe zao za kuzaliwa.

Kwanza neno lenyewe, klasiki. Kwa maana finyu ni muziki wa Ulaya wa kati ya takriban mwaka 1750 na 1820, enzi za Haydn na Mozart. Kwa maana pana, ambayo ndiyo nitakayoitumia, ni muziki ambao mtunzi anauandika kwa nota, kisha wengine wanaupiga kwa kufuata maandishi yake. Karatasi ndiyo inayobeba kazi. Mpigaji akifa, kazi haifi naye; karatasi ikipotea, kazi imepotea.

Sasa yale maswali manne. Aliyeimba kwaya atayatambua mara moja. La kwanza ni la sauti yenyewe, yaani melodi: ule mstari unaoweza kuupiga mluzi ukiwa njiani. La pili ni la maneno. La tatu ni la upangaji: nani aliichukua sauti iliyokuwepo akaamua sauti ya pili, ya tatu na ya nne ziifuate vipi, mwendo uwe upi, irudiwe mara ngapi na imalizike wapi. La nne ni la ugawaji wa ala: nani aliamua mstari huu upigwe na filimbi na ule na tarumbeta, kwa upole au kwa nguvu. Mtu mmoja anaweza kuzifanya kazi zote nne. Mara nyingi sana hazifanyi peke yake, na hapo ndipo ugomvi wa majina unapozaliwa.

Wimbo wa kale ambao si wa kale

Mfano mzuri kuliko yote unamhusu mtu ambaye hata hakuwa Mmarekani. Mwaka 1892 Antonín Dvořák, mtunzi kutoka Bohemia (leo Jamhuri ya Czech), aliitwa New York kuongoza chuo cha muziki kilichoanzishwa na mama mmoja aitwaye Jeannette Thurber. Chuo hicho kilipokea wanawake na wanafunzi Weusi wakati vingi vilikuwa vimewafungia mlango. Mmoja wa wanafunzi hao alikuwa Harry T. Burleigh, kijana kutoka Erie, Pennsylvania, ambaye babu yake aliyewahi kuwa mtumwa ndiye aliyemfundisha nyimbo za kiroho za watumwa. Burleigh alimwimbia Dvořák nyimbo hizo mara nyingi. Mwaka 1893 Dvořák akatamka hadharani gazetini kwamba muziki wa baadaye wa Marekani lazima ujengwe juu ya nyimbo za Weusi. Wakubwa wengi wa muziki hawakulifurahia neno hilo.

Desemba 16 mwaka huohuo, Simfoni yake ya Tisa (simfoni ni kazi ndefu ya okestra yenye sehemu kadhaa) ilipigwa kwa mara ya kwanza katika ukumbi wa Carnegie Hall. Katika sehemu ya pili, ile ya mwendo wa polepole, kuna sauti moja inayotolewa na ala ya jamii ya obo yenye sauti nzito. Ala hiyo ni ndugu wa zumari la pwani yetu: zote mbili hupulizwa kupitia vijiti viwili vyembamba vilivyofungwa pamoja na kutetemeka mdomoni. Ukiusikia ule mlio wenye huzuni ndani yake, unajua umetoka wapi.

Watu wengi wakiusikia husema, “Huo ni wimbo wa watumwa, ‘Goin’ Home’, Dvořák aliuchukua.” Kilichotokea ni kinyume. Sauti ni ya Dvořák. Maneno ya “Goin’ Home” yaliandikwa na William Arms Fisher, aliyekuwa mwanafunzi wake, na kuchapishwa mwaka 1922, karibu miaka 30 baada ya simfoni kupigwa na miaka 18 baada ya Dvořák kufariki. Wimbo ukaimbwa makanisani na mazikoni mpaka ukawa kama wa tangu na tangu. Kwa mizani yetu ya maswali manne: sauti, upangaji na ugawaji wa ala wa simfoni ni vya Dvořák; maneno ni ya Fisher; na ladha, ule mwelekeo wa sikio, ni deni kwa watu kama Burleigh. Deni la ladha haliandikwi juu ya karatasi ya nota, lakini lipo, na Dvořák mwenyewe hakulificha.

Burleigh kwa upande wake alifanya kazi ya tatu, upangaji, kwa kiwango ambacho hakikuwahi kufikiwa kabla yake. Alizichukua nyimbo za kiroho zenyewe, kama “Deep River”, akaziandikia sehemu ya piano na kuzichapisha katika miaka ya 1910 ili mwimbaji mmoja aweze kusimama jukwaani na kuziimba sambamba na nyimbo za Schubert, mtunzi wa Ulaya. Hakudai kwamba alizitunga. Ukiona karatasi imeandikwa “Burleigh”, jina hilo ni la mpangaji. Mtunzi ni umati wa watu ambao majina yao hayakuandikwa popote.

Misafara miwili kwenye njia panda

Charles Ives, aliyezaliwa Danbury, Connecticut, mwaka 1874, alichota sauti zilizokuwepo kuliko mwingine yeyote, akazitumia kwa namna iliyowashinda watu wa wakati wake. Baba yake aliongoza bendi ya jeshi wakati wa Vita vya Wenyewe kwa Wenyewe, na alikuwa na mazoea ya kujaribu mambo: kumfanya mtoto aimbe kwa ufunguo mmoja huku yeye akipiga kwa ufunguo mwingine, kusikiliza bendi mbili zikipishana. Ives akakua akiamini kwamba mgongano wa sauti mbili una haki ya kusikika.

Fikiria misafara miwili ya harusi inakutana kwenye njia panda, kila mmoja na matarumbeta yake juu ya gari, kila mmoja na wimbo wake na mwendo wake. Kwa dakika moja nzima masikio yako yanabeba yote mawili, kisha mmoja unafifia. Hicho ndicho Ives alichokiandika kwa nota katika “Putnam’s Camp”, sehemu ya pili ya kazi yake *Three Places in New England*. Msikilizaji mgeni hudhani okestra imepotea. Haijapotea, kila nota imeandikwa, na kuipiga sawasawa ni kazi ngumu, kwa sababu mwanamuziki aliyezoea kufuata wenzake lazima ajizuie asiwafuate.

Katika *The Unanswered Question* ya mwaka 1908 alitenganisha tabaka tatu. Nyuzi zinapiga polepole na kwa upole mno, kana kwamba haziwasikii wengine. Tarumbeta moja inauliza swali lile lile mara saba. Filimbi zinajibu mara sita, kila jibu likiwa na hasira kuliko lililotangulia, na swali la saba linabaki bila jibu. Mara nyingi kazi hii huharibika mwongozaji anapojaribu kuzipatanisha tabaka hizo katika mapigo mamoja. Zinatakiwa zisipatane.

Ives hakuishi kwa muziki. Mchana alikuwa mtu wa bima ya maisha huko New York, mwenye kampuni iliyofanikiwa sana. Alitunga jioni na mwisho wa wiki, mpaka afya na ari vikamwishia katika miaka ya 1920. Simfoni yake ya Tatu, iliyojaa nyimbo za kanisani alizozisikia utotoni, ilipigwa hadharani kwa mara ya kwanza mwaka 1946, miongo kadhaa baada ya kuandikwa. Mwaka uliofuata ikapewa tuzo ya Pulitzer. Alikuwa na miaka 72.

Still na Price: sauti zao wenyewe

Kuna dhana nyingine inayopaswa kuondolewa, kwamba mtunzi Mweusi wa Marekani alikuwa akizipamba tu nyimbo za mababu. William Grant Still na Florence Price wanaivunja dhana hiyo, kila mmoja kwa njia yake. Wote wawili walikulia Little Rock, Arkansas.

*Afro-American Symphony* ya Still ilipigwa mara ya kwanza mwaka 1931 mjini Rochester, New York. Sauti yake kuu iko katika umbo la vipimo 12 la bluzi, muziki wa Weusi wa Marekani. Umbo hili ni rahisi kulielewa: mistari mitatu ya vipimo vinne vinne, mstari wa kwanza unasema jambo, wa pili unalirudia juu ya upatanifu tofauti, wa tatu unalijibu. Still hakuazima bluzi ya mtu. Alichukua umbo, akatunga sauti yake mwenyewe ndani yake, kama mshairi anavyochukua bahari ya utenzi na kutia maneno yake. Hakuna anayemwambia mtunzi wa utenzi kwamba ameiba kwa sababu mizani ni nane. Katika sehemu ya tatu aliingiza banjo, ala ambayo watu wa okestra waliiona ya kijijini.

Price alizaliwa mwaka 1887, akasoma New England Conservatory huko Boston, akahamia Chicago mwaka 1927. Simfoni yake ya Kwanza ilishinda tuzo ya Wanamaker mwaka 1932, na Juni 15, 1933 ikapigwa na Chicago Symphony chini ya Frederick Stock. Ilikuwa mara ya kwanza kwa okestra kubwa ya Marekani kupiga simfoni ya mwanamke Mweusi. Sehemu ya tatu inaitwa “Juba Dance”. Juba ni ngoma ya mwili: kwenye mashamba ambako watumwa walinyimwa ngoma za kupiga, walijipiga vifua, mapaja na viganja, na miguu ikashika mapigo chini. Price akayapeleka mapigo hayo kwa violini na pembe. Ukisikiliza kwa makini utagundua kwamba uzito wa mwendo hauangukii pale ambapo mguu wa dansi za Ulaya ungekanyaga. Unaangukia kati ya kanyago na kanyago.

Mwaka 1943 Price alimwandikia barua Serge Koussevitzky, mwongozaji wa Boston Symphony, akataja vizuizi vyake viwili bila kuzunguka: jinsia yake na rangi yake. Aliomba kazi zake zipimwe kwa ubora wake tu. Koussevitzky hakuzipiga. Price alifariki mwaka 1953. Mwaka 2009, katika nyumba chakavu iliyoachwa huko St. Anne, Illinois, ambako aliwahi kukaa nyakati za kiangazi, walioinunua ili waikarabati walikuta masanduku ya karatasi zake za nota. Ndani yake mlikuwa na konseto mbili za violini (kazi za violini moja na okestra) na Simfoni ya Nne. Paa lilikuwa limeharibika. Kama mvua ingeingia upande ule wa chumba, tusingekuwa na kazi hizo. Ndiyo maana nilisema mapema kwamba karatasi ndiyo inayobeba kazi. Kwa kazi ambayo haikupigwa wala kurekodiwa, hakuna akiba nyingine.

Nani aligawa ala?

Kuhusu George Gershwin husemwa, “Hakujua kuandikia okestra, aliandikiwa.” Nusu ya maneno hayo ni kweli kwa kazi moja. *Rhapsody in Blue* iliandikwa kwa haraka, ikapigwa New York Februari 12, 1924 na bendi ya Paul Whiteman. Gershwin aliiandika kama muziki wa piano, na Ferde Grofé akagawa ala. Sehemu za piano Gershwin alizipiga mwenyewe siku ile, nyingine zikiwa bado hazijaandikwa. Ule mlio wa klarineti mwanzoni, unaopanda kama king’ora, uliandikwa kama ngazi ya nota zinazotajika mojamoja. Mpigaji Ross Gorman ndiye aliyeiburuza mazoezini kwa mzaha, Gershwin akaipenda, ikabaki. Lakini mwaka uliofuata, kwa *Concerto in F*, Gershwin aligawa ala zote kwa mkono wake, na hivyo hivyo *Porgy and Bess* ya mwaka 1935. Alifariki mwaka 1937 kwa uvimbe wa ubongo, akiwa na miaka 38.

Aaron Copland anatatanisha kwa upande mwingine. Muziki wake umetumika kama mfano wa mbuga pana na milima ya Marekani mpaka watu hudhani alikulia shambani. Alizaliwa Brooklyn mwaka 1900, mtoto wa wahamiaji Wayahudi waliokuwa na duka, na alisomea utunzi Ufaransa kwa Nadia Boulanger. Ule upana unaousikia ni ufundi: aliacha nafasi kubwa kati ya sauti ya chini na ya juu, akaondoa nota za kujazia katikati. Piga kinanda nota tatu zilizobanana, kisha zipige zikiwa zimeachana oktavu nzima (umbali wa nota nane), utasikia jinsi chumba kinavyoongezeka ukubwa.

Kazi yake maarufu zaidi, *Appalachian Spring*, iliandikwa kwa ajili ya mcheza dansi Martha Graham na ikaoneshwa mara ya kwanza Oktoba 30, 1944 katika Maktaba ya Bunge mjini Washington. Ukumbi ulikuwa mdogo, kwa hiyo Copland aliandikia watu 13 tu: filimbi, klarineti, basuni, piano, violini nne, viola mbili, chelo mbili na besi moja. Toleo la okestra kubwa ambalo wengi wanalijua lilikuja mwaka uliofuata. Na jina? Alipokuwa akitunga alikuwa ameandika tu kwamba ni baleti ya Martha. Graham ndiye aliyeleta jina, kutoka katika shairi la Hart Crane, wakati muziki umeshakamilika. Kwa miaka mingi watu walimwambia Copland kwamba wanaiona milima ya Appalachia na majira ya machipuko ndani ya muziki huo, ilhali alipoandika hakuwa akifikiria lolote kati ya hayo.

Karibu na mwisho, klarineti inaingia na wimbo mwepesi ambao wengi huuita wa Copland. Huo ni “Simple Gifts”, uliotungwa mwaka 1848 na Joseph Brackett wa jamii ya kidini ya Shakers. Kazi ya Copland ilikuwa kuuzungusha mara tano: safari moja ukienda haraka, nyingine ukipigwa polepole na ala za chini huku za juu zikiukimbilia kwa kasi, mpaka okestra nzima inaposimama nao kwa sauti kuu. Hapo sauti ni ya Brackett na jengo ni la Copland.

Na Samuel Barber? *Adagio for Strings* imepigwa kwenye mazishi ya watu wengi, na ilipigwa redioni Rais Roosevelt alipofariki mwaka 1945, kwa hiyo huaminika kwamba ni wimbo wa msiba. Barber aliiandika mwaka 1936 akiwa na miaka 26 kama sehemu ya kati ya muziki wa watu wanne wa nyuzi, bila marehemu yeyote akilini. Aliitanua kwa nyuzi nyingi, mwongozaji Arturo Toscanini akaiongoza redioni Novemba 5, 1938. Mwaka 1967 Barber mwenyewe aliitilia maneno ya Kilatini ya misa, “Agnus Dei”, kwa kwaya. Kwaya inayoijaribu ijue hatari moja: mistari ni mirefu kuliko pumzi ya binadamu. Wanaoimba sauti moja wasivute pumzi pamoja. Wapokezane, na kila mmoja avute katikati ya nota ndefu, kamwe si mwanzoni mwake, kisha arudi kimya kimya. Hatari ya pili iko kwenye kilele. Baada ya sauti kali kabisa unakuja ukimya, na waongozaji wenye woga huufupisha. Ukimya huo umeandikwa, na una thamani sawa na nota.

Kimya cha Cage

John Cage (1912–1992) ndiye anayewaudhi watu kuliko wote, na kwa sehemu kubwa ni kwa sababu kazi zake husimuliwa vibaya. *4′33″* ilipigwa mara ya kwanza Agosti 29, 1952 karibu na Woodstock, New York. Mpiga piano David Tudor alikaa, akafunika kibao cha piano kuashiria mwanzo, akakifunua kuashiria mwisho, mara tatu, akitazama saa: sekunde 30, kisha dakika 2 na sekunde 23, kisha dakika 1 na sekunde 40. Hakupiga hata nota moja. Ukumbi ulikuwa wazi upande wa nyuma kuelekea msituni. Upepo ulisikika, mvua ikadondoka juu ya paa, na mwishoni watu wakasikika wakinung’unika na kuondoka.

Kuiita kazi ya ukimya ni kuikosa. Mwaka mmoja kabla, Cage aliingia katika chumba cha Chuo Kikuu cha Harvard kilichojengwa kisirudishe sauti yoyote, akitarajia kusikia ukimya kamili. Alisikia sauti mbili, moja ya juu na moja ya chini, akaelezwa kwamba zinatoka mwilini mwake mwenyewe. Akahitimisha kwamba ukimya kamili haupo. Kuna sauti tunazozikusudia na tusizozikusudia. *4′33″* ni fremu ya muda inayowekwa kuzunguka zile zisizokusudiwa. Anayeiwasilisha anapaswa kuonesha wazi mwanzo na mwisho wa kila sehemu, akae imara, asichekeshe wala asiigize hisia. Akifanya vituko, watu watamtazama yeye, na masikio yatafunga.

Habari nyingine inayorudi magazetini ni ya “wimbo wa miaka 639” katika kanisa la Halberstadt, Ujerumani. Kila kinanda kile kinapobadilisha sauti, kama Februari 5, 2024, huandikwa kwamba Cage alitunga wimbo utakaoisha mwaka 2640. Cage aliandika, mwaka 1987, kazi ya kinanda cha kanisa yenye agizo la kupigwa polepole kadiri iwezekanavyo. Basi. Idadi ya miaka iliamuliwa na wengine baada ya kifo chake: walihesabu kutoka mwaka 1361, kilipojengwa kinanda maarufu cha Halberstadt, mpaka 2000, wakapata 639, na upigaji ukaanza Septemba 5, 2001. Mtunzi aliacha agizo, wapigaji wakaamua kipimo.

Viganja viwili, watu wawili

Kazi ya mwisho unaweza kuipiga leo na mwenzako, bila ala wala shilingi. Steve Reich, aliyezaliwa New York mwaka 1936, aliiandika *Clapping Music* mwaka 1972. Mapigo ni 12, na makofi ni manane. Sema “pa” penye kofi, na “m” penye pengo, kila kimoja kwa urefu ule ule:

pa pa pa m, pa pa m, pa m, pa pa m.

Wote wawili mnaanza pamoja. Mkishairudia mara 12, mtu wa kwanza anaendelea bila kubadilisha chochote mpaka mwisho wa kazi. Mtu wa pili anasogea pigo moja mbele, yaani anaanzia kwenye kofi la pili, na lile la kwanza linahamia mwisho:

pa pa m, pa pa m, pa m, pa pa m, pa.

Mara 12 tena, kisha anasogea pigo jingine. Hakuna anayeongeza kofi wala mwendo, lakini masikio yatasikia ruwaza mpya kila mara, kwa sababu makofi ya mmoja yanaangukia mapengo ya mwenzake. Wanaoanza hukwama sehemu moja: mtu wa pili, akishasogea, anahisi kwamba pigo lake la kwanza ndilo “moja” halisi, kichwa kinageuka, na ndani ya mizunguko michache anarudi kuwa sawa na mwenzake bila kujua. Dawa ni mguu. Wa pili akanyage kimya kimya kila baada ya mapigo matatu kwa kufuata hesabu ya mwanzo, na mguu usihame hata viganja vikihama. Anzeni polepole kuliko mnavyodhani inafaa.

Husemwa kwamba Reich aliutoa muziki huu Ghana. Mwaka 1970 alikwenda Legon kujifunza ngoma za Waewe kwa Gideon Alorwoyie, na mapigo 12 yanayozunguka ni mali inayojulikana sana Afrika Magharibi. Deni hilo ni la kweli. Ila kanuni ya kuhama aliigundua mwaka 1965, kabla ya safari, alipoachia tepu mbili zenye sauti ya mhubiri mmoja zicheze pamoja, nazo zikaanza kuachana kidogo kidogo. Katika ngoma za Waewe kengele haihami. Ndiyo nguzo ambayo wengine wote wanaizunguka. Katika *Clapping Music* nguzo ni yule mtu wa kwanza, na wa pili anatembea hatua 12 kumzunguka. Kwenye hatua ya 12 makofi yenu yanakutana, mnarudia mara 12 za mwisho mkiwa sawa, na mnaacha kwa pamoja.